Ubeleko wa Felista

Katika haya ninayoandika sitamtaja mtu kwa jina lake, ila jina moja tu, Felista, kwa kuwa hilo ndilo lililoninyima raha miaka ishirini na minne. Felista ni jirani yetu hapa Mabawa, Mbondei wa Muheza, Mkatoliki asiyekosa kanisani Jumapili. Ndiye aliyemnyonyesha binti yangu nilipokuwa siwezi.

Niseme mapema kwamba mimi ni mtu wa wivu. Wenzangu wivu wao uko kwa waume zao. Wangu angeoa mke wa pili nadhani ningemwuliza tu nguo zake atafuliwa na nani. Mimi wivu wangu wote niliumaliza kwa mama huyo mmoja na kwa jina lake, na kazi ya ualimu niliyoifanya miaka yote hiyo, ya kuwafundisha watoto wa watu wapendane, haikunisaidia kitu.

Binti nilimzaa baada ya uchungu wa siku mbili. Siku ya nne akili ikanitoka. Sikulala, sikula, nilisikia watu wakinisema ndani ya ukuta. Walipomleta mtoto anyonye nilimtazama nikamwona ni mtoto wa mtu mwingine, ameletwa kwangu kwa makosa. Nikamsukuma. Nikasema, "Huyu si wangu. Mpelekeni kwa mwenyewe." Chumbani walikuwamo watu watatu: mume wangu, mama yake, na Felista, aliyekuja kunijulia hali na kitoto chake cha kike mgongoni. Binti yangu hajawahi kuambiwa maneno hayo. Akisoma hapa ndipo atakapoyajua.

Mama mkwe wangu, Mungu amrehemu, alikuwa mtu wa Pemba asiyepoteza maneno. Alimgeukia Felista palepale.

"Weye maziwa yako yatawatosha wawili?"

"Yatatosha, bibi."

"Basi mchukue huyu kabla hajafa njaa."

Walitokea watu wa kuuliza itakuwaje mtoto wa Kiislamu anyonyeshwe na mama wa kanisani. Mkwe wangu aliwajibu kuwa maziwa hayaswali, na wasiwasi ukaisha. Mimi nikapelekwa Kigombe kwa mama yangu. Watu wakasema nina jini. Daktari akasema ni maradhi yanayowapata baadhi ya wazazi na yana dawa. Mama hakutaka kukosana na upande wowote, kwa hiyo asubuhi nilimeza vidonge na jioni nilikunywa kombe, maji yaliyooshea aya zilizoandikwa. Maziwa yangu yaliendelea kutoka kwa wiki tatu, yakinilowesha gauni mpaka kiunoni, hadi mama aliponifunga kifua kwa kanga yakakauka.

Sasa habari ya jina. Kwetu mwanamke hamtaji mama mkwe wake kwa jina. Ni utovu wa adabu, hata kama mwenyewe hayupo, hata kama jina lenyewe amepewa mtoto wako wa kumzaa. Siku ya akika mume wangu alimpa mtoto jina la mama yake, jina zuri la Kiarabu, ndilo lililoko kwenye cheti cha kuzaliwa, na mimi sijalitamka mpaka leo. Katika nyumba nyingi mama hukwepa kwa kumwita mtoto "Bibi", au humtungia jina la nyumbani tangu wiki ya kwanza. Mimi sikuwepo wa kumtungia. Mtaa ukamtungia. Alianza kuwa Mtoto wa Felista, akawa Felista Mdogo, na hilo "mdogo" nalo watu wakaona linawachosha.

Niliporudi Mabawa nimepona, mtoto alikuwa na miezi sita. Nilimpakata nikamwita Bibi. Hakugeuka. Nikamwita mwanangu. Hakugeuka. Mtu akapita barabarani akaita "Felista!" na mtoto akageuza kichwa kwa nguvu mpaka nusura aniponyoke. Siku hiyo ndipo wivu ulipoingia, na ulipoingia haukutafuta kiti cha pembeni.

Nilijaribu kumbadilisha. Nikachagua jina la Saada, nikatangaza nyumba nzima kwamba kuanzia leo huyu anaitwa Saada. Nilimwita Saada kwa chakula, Saada kwa kuoga, Saada kwa pipi. Alikula pipi. Ukimwita Saada alikutazama kwa upole wa mtu anayesubiri umalize kuzungumza na mwingine. Baada ya miezi mitatu mume wangu mwenyewe akamwita Felista mbele yangu, akaniangalia, akaenda zake msikitini kabla ya adhana.

Felista hakunipa sababu ya kumchukia, na hilo ndilo nililomchukia zaidi. Alimrudisha mtoto siku ileile nilipotoka Kigombe. Hakuja kwangu bila hodi. Akipika bada, ule ugali wa makopa ya muhogo ambao binti yangu aliupenda kuliko wali wangu wa nazi, alinitumia na mimi sahani yangu, imefunikwa. Mara moja aliniletea doti ya kanga kutoka Muheza. Niliipokea kwa mikono miwili, nikashukuru, na alipoondoka nikachana kipande kimoja nikakifanya dekio. Nilisugulia sakafu mwezi mzima. Hata leo nikiandika hapa uso unaniwaka.

Mtoto aliyenyonya ziwa la mtu ni mtoto wake, dini imesema, na watoto wa mama huyo ni ndugu zake. Kwa hiyo binti yangu alipovunja ungo na kuanza kujifunika, nyumba ya Felista ilikuwa ndiyo nyumba pekee ya jirani ambamo alivua mtandio mbele ya wanaume. Nilimwona kupitia dirishani, amekaa barazani kwao nywele wazi, anacheka na kaka zake wa maziwa, huku amefunika mdomo kwa kiganja. Kicheko hicho si cha kwetu. Sisi tunacheka meno yote nje. Kilikuwa cha Felista.

Matokeo ya kidato cha nne yalipotoka, alikimbilia kule kwanza. Aliporudi nikamwuliza kwa nini. Akasema, "Nilipita njiani, mama." Nyumba ya Felista iko nyuma yetu, haiko kwenye njia ya kutoka popote. Kuna siku mama huyo alilazwa kwa malaria na binti yangu akaniuliza yuko wapi, nikamjibu amesafiri. Akaja kujua baada ya siku tatu. Hakunigombeza, lakini nilijua anamlinganisha na mimi.

Mwaka jana alipata mchumba, kijana wa Pangani, mpole, wazazi wake wana minazi huko Mwera. Kwetu anayeoa hatoi mahari tu. Kuna kilemba cha baba, na mama wa bibi harusi huletewa vitambaa viwili. Kimoja ni mkaja, kwa kukumbuka kile alichofungwa tumboni na mkunga baada ya kuzaa. Cha pili ni ubeleko, kwa kukumbuka kile alichombebea mtoto mgongoni. Siku hizi wengine huvigeuza kuwa bahasha, lakini mimi nilitaka vitambaa, na nilikuwa nimevisubiri tangu binti anasoma chekechea. Nilitaka mtaa mzima uone vinaletwa kwa nani.

Wiki tatu kabla ya siku hiyo binti yangu alinijia jikoni nikichambua mchele.

"Mama, nina ombi. Nakuomba usikasirike."

"Ukianza hivyo nimeshakasirika. Sema."

"Mkaja ni wako, hakuna wa kukugusa. Lakini ubeleko naomba apewe mama Felista. Kwa miezi ile aliyonibeba."

Niliweka ungo chini. Nikamwambia maneno ambayo sikuwahi kufikiri kuwa ninayo tayari, na kumbe yalikuwa yamejipanga. Nikamwambia kuzaa ni kwangu, uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Nikamwambia kama anataka mama mwingine, ahamie huko na jina lake. Akasema taratibu, "Waswahili wanasema kuzaa si kazi, kazi ni kulea." Nikamwambia atoke jikoni kwangu. Akatoka, na tangu hapo tukawa tunasalimiana kama walimu wa shule mbili.

Hapo ndipo nilipoamua kulichimba jina. Nilikuwa na imani ya ajabu kwamba jina lililonitesa hivyo lazima lina uchafu ndani yake. Nilitaka nimwambie binti yangu, "Unajua maana ya hilo unaloitikia?" Nilitamani iwe kilema, au mnyama, au hata njaa.

Kadi za mwaliko tulichapisha kwenye duka la mzee mmoja pale Ngamiani, anayeuza daftari na kupiga fotokopi. Ujanani alisomea upadri miaka mingi, akaacha, akaoa, akazaa watoto wanane. Kilatini hakijamtoka. Nilienda kuchukua kadi, nikamwamkia, nikazungushazunguka, nikauliza kama mtu anayeuliza bei ya bahasha.

"Shikamoo mzee. Hivi hili jina Felista, maana yake nini?"

"Marahaba mwalimu." Akavua miwani. Nilimwona anavyofurahi, nikajua sitatoka mapema. "Ni la Kilatini. Kule lilikotoka ni Felicitas, sisi huku tumelifupisha. Ni furaha, heri. Warumi walilipenda mpaka wakaifanya hiyo heri kuwa mungu wa kike, wakamchora kwenye sarafu zao."

Furaha. Kwa Kiarabu ndiyo Saada. Miezi mitatu ya pipi nilikuwa nambadilishia mtoto jina kwa jina lilelile.

"Hakuna maana nyingine?" nikauliza. "Ya zamani zaidi?"

"Ipo. Zamani kabla ya furaha, neno hilo lilikuwa la miti. Mti unaozaa matunda ndio walioupa sifa hiyo. Na wanaochimba mashina ya maneno wanasema chini kabisa ni neno la kunyonyesha. Binti kwa Kilatini ni filia, nalo wanasema limetoka shina hilohilo. Aliyenyonya."

Nilimtazama mzee nikahisi kama amehongwa. Nikasema jina si maana tu, kuna na walioitwa hivyo, pengine kulikuwa na Felista mbaya. Akacheka. Akaniambia wao wanamkumbuka mmoja, shahidi wao, mtumwa wa mji wa pwani ya Afrika kaskazini zamani za Warumi. Alikamatwa pamoja na bibi mwingine kijana kwa ajili ya dini yao, wakafungwa wakisubiri kutupiwa wanyama wakali mbele ya watu. Alikuwa na mimba ya miezi minane. Sheria haikuruhusu mjamzito auawe, naye akaogopa wenzake watakwenda aachwe nyuma. Wakaomba kwa pamoja, uchungu ukamshika kabla ya wakati, akajifungulia gerezani. Mtoto alikuwa wa kike.

"Akamfanyaje?"

"Angemfanyaje, mwalimu? Alichukuliwa na mwanamke mmoja wa nje, mwenzao wa imani, akamlea kama binti yake wa kumzaa. Siku chache baadaye mama akatolewa uwanjani. Wameandika kwamba watu waliokuja kutazama damu walishituka kumwona, maana alikuwa bado maziwa yanamdondoka."

Niliomba maji ya kunywa. Mzee alidhani ni joto akaniletea na feni. Nilikuwa nimeihisi kanga ya mama yangu kifuani, ilivyobana, na harufu ya gauni lililolowa. Miaka yote nilijua jina Felista ni la mwenye maziwa, la aliyepewa mtoto. Kumbe katika hadithi yao Felista ni yule aliyezaa akaondoka, maziwa yanamwagika bure.

"Na yule aliyemlea," nikauliza, "aliitwa nani?"

"Halikuandikwa."

"Hawakuliandika kabisa?"

"Hapana. Wamesema tu, mwanamke mmoja."

Nilibeba boksi la kadi nikatoka bila kuaga vizuri. Njia nzima nilikuwa na hasira, sijui na nani. Nilitaka kumhurumia mtumwa yule, badala yake nikawa nafikiria mwanamke mmoja. Aliamka usiku kwa mtoto ambaye si wake, akamfulia, akamfundisha kutembea, na walioandika wakamaliza habari yake kwa mstari. Niliona haki ilivyo ndogo. Halafu nikajikuta nafurahi kidogo kwamba hakuandikwa, na hapo nikajiogopa. Mwanamke anayefurahia jambo kama hilo atafanya nini na ubeleko?

Nyumbani sikumwambia mtu. Binti yangu nilimwambia tu kwamba siku ikifika nitajua la kufanya. Akasema, "Sawa, mama," kwa sauti isiyotarajia kitu.

Siku ya kutolewa mahari wanawake wa Pangani walikuja na vigelegele, sinia juu ya kichwa cha kungwi wao, ukumbi umejaa udi mpaka macho yanawasha. Felista alikaa karibu na mlango wa uani pamoja na wapishi, ingawa nilimpa kadi kama wageni wengine. Kungwi akafunua sinia. Mkaja ulikuwa wa kitambaa cheupe chenye tarizi. Ubeleko ulikuwa kisutu, ile kanga ya maharusi nyekundu, nyeupe na nyeusi, doti nzima, mpya, inanukia asumini.

"Mama aliyemzaa yuko wapi?" kungwi akauliza, kama desturi inavyotaka.

Nikasimama. Mkaja nikafungwa kiunoni, wakapiga vigelegele. Nikapewa ubeleko mikononi, wakapiga tena. Ulikuwa mwepesi. Nikasema moyoni, kaa nao, umeshapewa, nani atakunyang'anya? Binti yangu alikuwa amejifunika ushungi wote, sikumwona macho.

Nikavuka ukumbi. Watu walinyamaza mmoja mmoja kadiri nilivyowapita. Nilipofika mlangoni nikapiga magoti, kwa sababu Felista alikuwa amekaa chini na sikutaka kumwinamia.

"Mama mwenzangu," nikasema. "Huu wako."

Nikiri jambo moja. Nilitarajia akatae. Adabu ya kwetu ni kukataa mara mbili tatu, "aa, dada, siwezi, ni haki yako," halafu mwenye kutoa anasisitiza, na kwenye kusisitiza kule nilikuwa nimejiwekea nafasi ya kurudi nao. Felista hakukataa. Aliunyakua. Aliukumbatia kifuani kwa mikono miwili, macho yamemtoka, akautazama ukumbi kama anayeangalia nani atamjia. Wivu ukanipanda upya, palepale nilipopiga magoti, na mkaja wangu kiunoni.

Vigelegele vilirudi, ngoma ikaanza, watu wakatusahau. Nilikaa karibu yake. Nikamwuliza lile ambalo sikuwahi kuuliza.

"Ulimwambia? Nilichosema siku ile kitandani?"

"La. Hata siku moja."

"Kwa nini?"

Alikunja ubeleko mara mbili, akaukunjua, akaukunja tena.

"Siku walipoleta habari umepona, unarudi kesho yake, nilimfunga mwanao mgongoni," akasema. "Wangu nikamwacha kwa dada yangu. Nikaenda stendi, nikapanda gari la Muheza. Nilikuwa nimeshapata kiti. Nilitaka nifike kwetu, kisha nipotelee huko juu milimani. Konda akapita akaniuliza, 'Mama, mtoto mzuri huyo, wa nani?' Nikamjibu, 'Wangu.'"

Ukumbini kungwi alikuwa akimfundisha mama wa bwana harusi kukata kiuno, watu wanacheka.

"Kutamka tu hivyo, nikakusikia weye ukisema si wako. Nikaona sisi wote wawili tumeshamsemea mtoto huyu uongo. Nikashuka. Gari lilikuwa linaondoka, nikateguka mguu. Mkwe wako alinikanda maji ya moto hakuuliza nimeumiaje."

Miaka ishirini na minne nilikuwa nimemwonea wivu mtu ambaye hakuwahi kuniwazia mabaya. Mtu huyo kumbe hayupo. Aliyekuwa amekaa pembeni yangu alikuwa mwanamke aliyetaka kuniibia mwanangu, na nilimtazama nikashindwa kumchukia. Nilimshika mkono. Sikuuachia mpaka pilau ilipoletwa.

Mwezi uliopita nilikwenda kwake, nikamwomba ruhusa ya kuyaandika haya, binti yetu ayasome. Alifikiri muda mrefu huku anachambua makopa. Akanikubalia kwa sharti moja, kwamba langu la kitandani niliandike mwanzo, kwa mkono wangu mwenyewe, ndipo nifikishe la kwake la stendi.